Kibali cha Kaburi

Baba yangu Osundwa alikufa Jumamosi asubuhi, siku mbili kabla ya uchaguzi, na hatukuwa na mahali pa kumzika. Tulikuwa na ekari nne na nusu. Zote zilikuwa miwa.

Ukifungua mlango wa nyumba yetu, majani ya miwa yalikukwaruza uso. Kushoto miwa, kulia miwa, nyuma ya choo miwa. Kutoka mlangoni hadi barabarani palikuwa na kijia cha mtu mmoja. Mkikutana wawili, mdogo alirudi kinyumenyume. Mwaka ule wa themanini na nane, upande wetu wa Mayoni, nyumba nyingi zilikuwa hivyo. Ulijua kuna mji, boma la mtu, kwa kuona moshi ukitoka katikati ya kijani.

Baba alianza na ekari moja. Sukari ilikuwa imepanda bei, kampuni ilikuwa mpya, trekta zikinguruma usiku na mchana, na mavuno ya kwanza yalitupa bati na baiskeli. Basi miwa ikaingia kwenye malisho, ng'ombe wakaenda. Ikaingia kwenye mahindi, nasi tukaanza kununua unga wa obusuma, ugali wetu, sokoni, sisi tuliokuwa tukiwauzia wengine. Ikaingia kwenye kunde za mama. Mwisho ikaingia uwanjani. Bwana shamba wa kampuni alikuja kupima na mnyororo wake, akatazama mistari iliyofika kizingitini, akacheka. "Osundwa, sasa umebakisha kitanda tu." Baba naye akacheka. Alikuwa anajivunia. Kaburi la babu lilikuwa pale pale uwanjani, na trekta lilipita juu yake mara mbili. Baba alisema mzee hana neno, yeye mwenyewe alipenda kazi.

Kucheka kuliisha alipojua kwamba miwa iliyotiwa sahihi kwenye mkataba si yako. Unailima, unaipalilia, unailinda na moto, lakini mpaka ipite kwenye mizani ni mali ya kampuni, na ukikata hata mua mmoja bila kibali wewe ni mwizi. Jirani yetu Wanjala alikata kipande cha kumzikia mkewe. Askari wa kampuni walimkuta na jembe mkononi na udongo bado mbichi. Akafungwa miezi sita. Kutoka siku hiyo baba aligeuka mtu mwingine. Mwalimu mmoja wa pale kwetu aliposimama kugombea ubunge dhidi ya Mheshimiwa aliyekuwa kitini, akisema mkulima naye awe na sauti juu ya miwa yake, baba alikuwa wa kwanza kumfuata. Uchaguzi ulikuwa wa mlolongo: hakuna karatasi, hakuna sanduku. Unasimama hadharani nyuma ya picha ya unayemtaka, vichwa vinahesabiwa. Baba ndiye aliyechaguliwa kushika picha ya Mwalimu, mbele ya mstari. Aliugua kifua wiki nzima, na wiki nzima aliuliza kama suruali yake ya kanisani imepigwa pasi.

Akafa suruali ikiwa imetundikwa ukutani.

Waombolezaji walikuja, wakakosa pa kukaa. Wanawake waliingia katikati ya mistari ya miwa, wakaketi chini huko ndani. Ulisikia kilio kutoka kila upande na humwoni mtu. Wanaume walibaki barabarani.

Mustafa alikuja adhuhuri. Yeye ndiye jirani pekee aliyekataa miwa. Alikuwa na migomba na mihogo, na kwa miaka kumi watu walikuwa wakimwita Mzee Mhogo. Alivua viatu, akaingia ndani, akasimama kidogo mbele ya baba, kisha akamwendea mama.

"Navalayo, pole sana, dada yangu. Kwetu saa hii tungekuwa tumeshamaliza. Joto hili si la kumweka mtu. Pale kwangu karibu na ua pako wazi. Chukueni. Mtu asiwaulize."

Mama alimshika mkono kwa mikono miwili. "Asante, Mustafa. Mungu akulipe. Lakini Osundwa azikwe kwa watu, kama mtu aliyekufa safarini?"

"Ni hatua mia mbili tu kutoka hapa."

"Hata zingekuwa mbili."

Mustafa hakubisha. Alijua. Kwetu mwanamume hulala mbele ya nyumba yake, mkono wa kulia wa mlango, ili atoke na kuingia na watoto wake. Ukimzika kwingine, umesema mbele ya watu wote kwamba hakuwa na mji. Na baba hakuwahi kuuonea mji wake aibu, hata ulipokuwa umemezwa na miwa.

Jumapili baada ya kanisa nilimwendea Mukhwana, naibu wa chifu. Bwana shamba hakutoa kibali cha kaburi bila sahihi ya Mukhwana, na hilo halikuandikwa katika sheria yoyote. Ulikuwa tu utaratibu. Nilimkuta kwake anakula ingokho, kuku wa kwetu, amejifunga kitambaa shingoni kama mtoto.

"Were wa Osundwa," alisema. "Kaa. Pole kwa mzee. Umekula?"

"Sijaja kula, chifu."

"Hamkubalingi chakula changu nyumba yenu. Haya." Alinyonya mfupa. "Najua umeleta nini. Unataka kukata miwa ya kampuni."

"Nataka kumzika baba yangu."

"Ni kitu kimoja." Akafuta vidole. "Hatua sita kwa nne zinatosha?"

Nilishangaa ilivyokuwa rahisi. Nikasema zinatosha.

"Basi tutaonana kesho pale shuleni. Mtu wetu wa kushika picha ya Mheshimiwa ana mguu mbaya. Utashika wewe."

Nilidhani anatania. Nikamtazama. Alikuwa anatafuta kijiti cha kuchokonolea meno.

"Chifu, unajua baba yangu alikuwa ashike ya nani."

"Ndiyo sababu. Ningetaka mtu wa kusimama tu, nina wengi. Wewe watu wakikuona pale mbele watasema, kumbe hata Osundwa alikuwa amerudi nyumbani kwa chama kabla hajafa. Marehemu hawezi kukataa." Akanicheka kwa upole, kama mjomba. "Usinitazame hivyo, kijana. Mimi sikukuwekea miwa mlangoni. Baba yako aliiweka mwenyewe, na mimi nikamwambia, Osundwa, utalala wapi? Akaniambia atalala kwa bati."

"Na nikikataa?"

"Hukatazwi kukataa. Mheshimiwa atapita hata kama utasimama, hata kama utalala. Lakini mzee wako ni leo siku ya pili. Jumanne hutaweza kuingia katika nyumba hiyo bila limau puani."

Nilitoka bila kuaga. Njiani nilikuwa na maneno mengi, maneno ya moto, nikayatupia miwa pande zote mbili za barabara, na miwa ikatikisa vichwa kama inavyotikisa kwa kila mtu.

Nyumbani niliwaeleza mama na dada yangu Jescah. Tulikuwa tumekaa chini karibu na jeneza. Fundi alikuwa amelileta asubuhi, na mbao zilikuwa zinanukia vizuri, lakini si kiasi cha kutosha.

Jescah alisema, "Tumpeleke kwa Mustafa."

"Hapana," mama akasema.

"Mama, baba mwenyewe angechagua. Alale kwa Mustafa, au Were asimame na picha ya wale watu? Angesema mnizike hata mtoni."

"Osundwa hasemi tena. Mimi ndiye ninayesema." Mama alikuwa akipepea nzi kwa kipande cha gazeti, taratibu, hakuacha hata mara moja. "Nilikuja hapa na kikapu. Miaka thelathini na moja. Alikula malisho nikanyamaza. Alikula kunde zangu nikanyamaza. Sasa nimkose hata kaburi? Nikifa mimi, nilazwe kando ya nani?"

"Lakini watu, mama," nikasema. "Watu watanionaje?"

"Watakuona vibaya." Alinitazama. "Kura haiozi, Were. Ipo kesho, ipo miaka mitano ijayo. Mtu huoza."

Jescah alisimama akaenda nje, maana yake alitembea hatua tatu akaingia kwenye miwa.

Sikulala. Nilitafuta namna nyingine na kila namna ilikuwa na askari wa kampuni mwishoni mwake. Nilifikiria kukata kwa nguvu, nifungwe kama Wanjala. Lakini Wanjala alikuwa ameshamfukia mkewe walipofika. Mimi wangenikuta na jeneza juu ya ardhi, wangenichukua, na mama angebaki nalo. Asubuhi nilivaa suruali ya baba ya kanisani. Yangu ilikuwa imechanika. 

Uwanja wa shule ulikuwa umejaa kabla jua halijapanda. Msimamizi wa uchaguzi alikaa kwenye meza ya darasani, polisi nyuma yake, lori lao chini ya kivuli cha ukuta. Mukhwana alinikabidhi picha ya Mheshimiwa, kubwa kama sinia, akaniweka mbele. Hatua tano kando yangu alisimama Wangila na picha ya Mwalimu. Wangila alikuwa rafiki wa baba tangu jando, na ndiye aliyekuwa mkubwa wa wachimbaji wa makaburi katika mlango wetu, yaani ukoo wetu. Alikuwa amechukua nafasi ya rafiki yake. Aliponiona, nadhani mwanzoni alidhani nimekuja kumwambia neno. Kisha akaona nilichoshika.

Watu walianza kujipanga. Mstari wa Mwalimu ulijaa uwanja, ukapinda kwenye goli, ukazunguka madarasa. Nyuma yangu walisimama wazee wa chama, wafanyabiashara wawili wa Mayoni, watu wa nyumba ya Mukhwana, na wengine ambao hawakuinua macho. Mimi niliinua. Nilijiambia, kama ni kuonekana, nionekane usoni.

"Were," Wangila akasema bila kugeuza kichwa.

"Naam, mzee."

"Baba yako amelala wapi?"

"Nyumbani."

"Amelala namna gani? Chali?"

"Chali, mzee."

"Nenda ukaangalie. Nadhani amegeuka."

Waliokuwa karibu wakacheka, kicheko kifupi kisicho na furaha. 

"Mzee, ni kibali," nikasema. "Hatuna pa kumlaza."

"Najua ni kibali. Tazama nyuma yangu. Unamwona Edah, yule mjane? Anataka kibali cha kuvuna, miwa yake imelala chini. Yule pale anataka trekta. Mimi miwa yangu ina miezi thelathini, imeshakuwa kuni. Mukhwana alitupitia wote, kijana. Nyumba kwa nyumba. Kila mtu aliahidiwa kitu chake." Akahamisha picha mkono mwingine. "Na tumekuja tu."

Nami nikahamisha yangu. 

Vichwa vilihesabiwa. Wa Mwalimu mia nne na kumi na mbili. Tulisikia karani akiita namba kwa sauti. Wangu tisini na sita. Msimamizi aliandika, akafuta, akatazama nyuma kwa mtu tusiyemwona vizuri aliyekaa ndani ya gari, akaandika tena. Kisha akasimama akasoma kwa haraka, kama mtu anayesoma barua ya mwenzake: Mheshimiwa, mia nne na kumi na mbili. Mwalimu, tisini na sita.

 Mistari miwili ilikuwa bado imesimama pale pale, mrefu na mfupi, jua limewaka, na mtoto mdogo angeweza kuona.

Mustafa ndiye aliyetoka. Alitembea polepole hadi mezani, kofia mkononi. "Bwana, tafadhali hesabu tena. Sisi bado tuko hapa. Hatujaondoka."

"Rudi kwenye mstari, mzee."

"Ndiyo maana nasema. Mstari uko."

Polisi wawili wakamshika makwapa wakampandisha kwenye lori. Mwingine akauliza anapelekwa wapi, naye akapandishwa. Virungu vikaanza. Watu mia nne wakavunjika wakakimbilia kwenye miwa, na mimi nikabaki pale mbele nimeshika picha, kwa sababu hakuna aliyekuwa ananipiga. Hilo ndilo lililonichoma. Kirungu kilinipita kushoto, kikanipita kulia, kikijua mimi ni wa nani.

Kura yangu haikuhitajika. Wangeandika walichoandika hata ningekuwa nimelala kitandani. Aliyehesabiwa siku ile nilikuwa mimi, na walionihesabu ni watu wangu.

Mukhwana alitia sahihi juu ya boneti ya gari. "Hatua sita kwa nne," akasema. "Usizidishe hata mua. Bwana shamba atakuja kupima." Kisha akaweka mkono begani pangu, kwa dhati kabisa. "Pole kwa msiba."

Nilikimbia hadi nyumbani. Jescah alikuwa ameshanoa panga mbili. Tulikata miwa mkono wa kulia wa mlango, hatua sita kwa nne, tukaiburuta kando. Na jua likaingia mahali lilipokuwa halijaingia miaka saba. Mama alitoka akasimama mlangoni kwake, akatazama kile kipande cha ardhi, chekundu, na visiki vyake. Uso wake ulilegea kidogo. Nikasema moyoni, basi, imetosha. Kwa nilichouza nimenunua hiki.

Tukangoja wachimbaji.

Kwetu mtoto hachimbi kaburi la babake. Akichimba, wanasema amemharakisha. Kazi hiyo ni ya majirani; huja bila kuitwa, kila mmoja na jembe lake, hupewa kuku, hutaniana humo shimoni mpaka kazi inaisha. Saa nane hakuja mtu. Saa tisa hakuja mtu. Mzee wa kanisa alituma neno kwamba tumbo linamsumbua. Wanawake waliokuwa wakilia katikati ya miwa walikuwa wameondoka, sikujua saa ngapi. Nilitambua tu kwamba nasikia majani.

Nilikwenda barabarani. Wangila alikuwa anapita na baiskeli yake akiisukuma, sikio lina damu iliyokauka.

"Mzee Wangila. Tumepata mahali."

Alisimama. "Nimesikia."

"Watu hawajafika."

"Wengine wako kwenye lori. Wengine wamevunjwa mikono, watashikaje jembe?" Akapangusa sikio. "Na wengine ni wazima, wako nyumbani wamekaa. Sitakudanganya."

"Alikuwa rafiki yako."

"Alikuwa. Ningemchimbia Osundwa kwa vidole. Angekuwa kwa Mustafa, ningekuwa nimemaliza jana." Akatazama kijia chetu, mwanga mpya ulioonekana mwisho wake. "Lakini shimo lile la Mukhwana siwezi kuliingia, Were. Nikiingia, kesho nitamwambia nini Mustafa?"

"Nimwambie nini mama yangu?"

Alifikiri sana. Niliona anataka kweli kunisaidia na jibu. "Mwambie miguu yangu imekataa," akasema, akasukuma baiskeli.

Ndani ya nyumba hapakukalika tena. Jescah alikuwa amejifunga leso puani. Mama alinitazama mara moja tu, akajua. Akaingia jikoni akatoka na jembe.

"Lete," nikasema.

"Wewe huruhusiwi."

"Wewe je, unaruhusiwa?"

Hakuachilia mpini. Tulishika jembe moja wote wawili, mimi huku na yeye kule, mpaka vidole vyake vikachoka. Nikaingia katika kile kipande nikapiga ardhi.

Mizizi ya miwa ya zamani ilikuwa imefungamana kama ukili. Jembe liliruka. Nilikata kwa panga, nikachimba, nikakata tena. Mama na Jescah walitoa udongo kwa karai. Nilipofika kifuani sikuweza tena kurusha juu, nikawa naujaza karai nikiinua, wao wanavuta. Viganja vyangu vilichanika. Suruali ya baba ya kanisani ilikuwa rangi ya udongo hadi kiunoni. Hakuna aliyetania. Mara mbili nilisikia watu wakipita barabarani, wakipunguza mwendo, wakiendelea.

Jeneza hushushwa na wanne, wakati mwingine sita. Tulikuwa watatu. Tulilivuta nje kwa mashuka, tukalipitishia kamba mbili, mimi kichwani, wao miguuni. Katikati ya kushusha kamba ya mama ikamponyoka. Jeneza likatangulia upande wa miguu, likagonga chini, na tukamsikia baba akiteleza ndani yake. Jescah akageuka akajishika mdomo. Mimi nikashuka tena shimoni, nikasimama juu ya jeneza la baba yangu kwa miguu yangu, nikalinyoosha.

Nilipotoka, mama alikuwa amesimama ukingoni.

"Sema kitu," akaniambia. "Mtu hazikwi kimya kama mbwa."

Kwa kawaida husema mzee wa ukoo. Husimama akataja ukoo, jina juu ya jina, ili waliotangulia wajue ni nani anakuja, kisha huwataja waliobaki ili anayekwenda asiwe na wasiwasi na mji wake. Sikuwahi kuombwa kazi hiyo. Lakini majina niliyajua.

"Huyu ni Osundwa," nikasema. Sauti ilinitoka nyembamba. "Mwana wa Makokha, aliyelala hapa hapa na trekta likapita juu yake. Mwana wa Wandera, aliyefyeka mji huu. Anakuja. Mpokeeni. Alikuwa mtu wa kazi, na hakumwogopa mtu." Nikavuta pumzi. "Nyuma amemwacha Navalayo, aliyekataa asilale kwa watu. Amemwacha Jescah, anayesema kweli. Na amemwacha..."

Hapo ndipo jina langu lilipofika. Mama akangoja. Jescah akangoja. Nilifungua mdomo mara mbili.

Mama akainama, akachukua udongo kwa viganja, akaanza kufukia.